Kurudisha nafasi kwenye kishikwambi cha GB 8

Jumamosi asubuhi

Kifaa ni Samsung Galaxy Tab A ya mwaka 2016, ya inchi 7, ile inayoingia laini. Hifadhi ya ndani GB 8, RAM GB 1.5, Android 5.1.1. Kioo hakina ufa, betri inashika chaji, spika inasikika vizuri. Ila kimejaa. Ukitaka kupakua chochote kinagoma, kamera inafunguka halafu inakataa kupiga, na kibodi inachelewa kiasi kwamba unamaliza kuandika neno zima ndipo herufi ya kwanza inatokea.

Ni cha dada yangu, hapa Morogoro. Binti yake mkubwa yuko darasa la saba na Septemba ana mtihani wa kumaliza elimu ya msingi. Mwalimu wake anatumia kimojawapo cha vile vishikwambi walivyogawiwa walimu baada ya sensa ya 2022, na kila wiki hutuma mazoezi kwa PDF kwenye kundi la wazazi. Mazoezi yanaishia kwenye simu ya dada, na dada huondoka na simu alfajiri kwenda sokoni. Mtoto akirudi shule simu haipo. Simu ikirudi usiku, mtoto amechoka. Muda wote huo kishikwambi kiko mezani, kimejaa magemu.

Ninachotaka: kifunguke haraka, kibaki na nafasi isiyopungua GB 2 kwenye hifadhi ya ndani, na mazoezi yote yakae humo yasomeke bila bando. Sitaroot, yaani sitavunja kufuli za mfumo, wala sitabadilisha mfumo wenyewe. Kila hatua iwe ile ambayo dada anaweza kuirudia mwenyewe nikiwa sipo.

Vipimo vya mwanzo, kutoka Mipangilio, sehemu ya Hifadhi: jumla GB 8.00, iliyobaki MB 187. Mtu akiona hivyo anadhani watoto wamejaza GB 8 nzima, lakini sivyo. Mfumo wenyewe, pamoja na programu za kiwandani, unakalia zaidi ya GB 3 ambazo mtumiaji hawezi kuzigusa. Dada alipokitoa dukani kikiwa kipya tayari alikuwa na kama GB 4.6 tu za kwake. Ndiyo maana kwenye vifaa vya GB 8 gemu moja kubwa linatosha kuharibu kila kitu.

Na uzito huu wa kuandika unatokana na nafasi hiyohiyo. Hifadhi ya flashi, ambayo ndiyo iliyomo ndani ya kishikwambi, haiandiki juu ya data ya zamani moja kwa moja. Lazima kwanza kipande kizima kifutwe ndipo kiandikwe upya. Vipande vitupu vikiwepo vya kutosha, kazi hiyo hufanyika pembeni bila mtumiaji kuhisi. Vikiisha, kila kitu kinapanga foleni nyuma ya ufutaji: ujumbe mpya, picha, hata kibodi inayotunza maneno uliyoandika. Kwa hiyo nikirudisha nafasi ninategemea kasi nayo irudi, japo si yote.

Jumamosi mchana

Sijagusa gemu hata moja. Kwanza picha.

Nimeunganisha kwa waya kwenye kompyuta na kunakili folda za DCIM (picha za kamera), Pictures na WhatsApp. Utaratibu wangu: nakili, usihamishe. Ukihamisha na waya ukachomoka katikati, unabaki na nusu huku na nusu kule. Baada ya kunakili nimelinganisha idadi ya mafaili na ukubwa wa folda pande zote mbili, zikalingana, ndipo nikaweka nakala nyingine kwenye flashi ya dada.

Humo kuna picha za bibi, aliyekwishatangulia, amekaa uani na ungo anapembua mchele, kanga imefungwa kifuani, hana habari kama anapigwa picha. Ziko chache na hazipo popote pengine. Hizo nimezifungua moja moja kwenye kompyuta kuhakikisha zinafunguka, maana faili linaweza kuonekana lipo kwa jina na ukubwa na bado likawa bovu. Anayesafisha kifaa cha familia aanzie hapa. Gemu utalipakua tena siku yoyote.

Nilipokuwa nikinakili nimegundua kitu cha kukumbuka baadaye: ndani ya folda ya picha za WhatsApp kuna folda nyingine ya zilizotumwa. Kila picha iliyotoka kwenye kamera ikatumwa kwa mtu imeacha nakala humo. Yaani picha moja, mahali pawili.

Jumamosi jioni

Kikao na wapwa zangu, wote wawili, mkekani. Sikutaka kufuta kwa siri. Mtoto akikuta gemu lake limetoweka atalitafuta kwa wenzake na kulirudisha kabla ya Jumatatu.

Nimewafungulia orodha ya programu na kuipanga kwa ukubwa, kubwa juu. Gemu la magari MB 496. La mpira MB 352. La kukimbia kwenye reli MB 188. La kupanga peremende MB 143. Chini yake kundi la vigemu vidogo ambavyo hata wao walikuwa wamevisahau. Ludo MB 31, drafti MB 12.

Mdogo, wa darasa la tatu, akashika kishikwambi kwa mikono miwili. "Mjomba, la magari usifute, nimefika mbali."

Nikamwambia atazame namba. Gemu lake la magari linakula nafasi kama Ludo kumi na sita. Akauliza kama Ludo zinaweza kuwa kumi na sita kweli. Dada yake akacheka, na hapo mazungumzo yakawa mepesi. Tumekubaliana: Ludo na drafti zinabaki, kwa sababu ni ndogo, zinachezwa na watu wawili na hazihitaji intaneti. Mengine yote yanatoka. La magari litahamia kwenye simu yangu, na nikija atacheza. Amekubali kwa shingo upande, lakini amekubali, na amelifuta kwa kidole chake mwenyewe.

Niliwaonyesha pia tofauti ambayo watu wazima wengi hawaijui. Kushika aikoni kwenye skrini ya mbele na kuiburuta mpaka palipoandikwa "Ondoa" kunaondoa njia ya mkato tu. Gemu lenyewe limekaa palepale na uzito wake uleule. Kusanidua kunafanywa kwenye Mipangilio, sehemu ya Programu, unagusa jina kisha Sanidua. Dada alikuwa akiburuta aikoni miezi yote hiyo akidhani anafuta, na ndiyo sababu skrini ya mbele ilikuwa safi huku hifadhi imejaa.

Kwa nini gemu la magari lilikuwa na MB 496 wakati alipolipokea lilionekana dogo? Gemu kubwa huja kwa vipande viwili. Kuna APK, yaani programu yenyewe, na kuna faili la OBB lenye picha, sauti na ramani, ambalo hukaa kwenye folda ya Android/obb. APK inaweza kuwa ndogo, OBB ndiyo mzigo. Juu ya hapo, Android 5 ilikuja na utaratibu wa kuitafsiri programu yote kuwa lugha ya prosesa wakati wa kuisakinisha, na tafsiri hiyo inahifadhiwa pamoja na APK. Programu inafunguka haraka zaidi, lakini gharama yake ni nafasi. Kwa hiyo ukiona programu ya MB 30 dukani, usitegemee itakalia MB 30 ikishaingia kwenye kifaa cha namna hii. Kuanzia Android 7 utaratibu ulibadilishwa, ikawa hutafsiriwa zile sehemu zinazotumika sana. Sisi tuko kwenye 5.1.1, tunalipa gharama kamili.

Jumapili

Nafasi haikurudi. Tumeondoa magemu ya zaidi ya GB 1 na hifadhi ilipanda kwa MB chache tu. Nimezima na kuwasha, hali ileile.

Sababu imepatikana kwenye Mipangilio, sehemu ya Watumiaji. Kishikwambi kina wasifu wa pili. Shemeji aliwahi kuwafungulia watoto wasifu wa kwao ili wasivuruge vitu vya dada, kisha kila mtu akasahau. Tablet za Android zinaruhusu watumiaji kadhaa, kila mmoja na programu na mafaili yake, lakini APK ya programu moja huhifadhiwa mara moja kwa wote. Ukisanidua upande mmoja, mfumo unaondoa data ya mtumiaji huyo tu. APK inabaki mpaka mtumiaji wa mwisho aiachie. Ndivyo inavyopaswa kufanya kazi, na kwenye nyumba yenye kifaa kimoja ni jambo zuri, ila usipojua kuwa kuna wasifu wa pili utazunguka siku nzima.

Zipo njia mbili. Kwenye ukurasa wa programu, akiwa mmiliki wa kifaa, mtu anaweza kufungua menyu ya pembeni na kuchagua kusanidua kwa watumiaji wote. Au kufuta wasifu wote wa pili. Nimechagua ya pili, lakini kwanza nimeingia ndani ya wasifu huo kuangalia kuna nini, kwa sababu hifadhi ya kila mtumiaji ni ya kwake na picha za huko hazikuonekana nilipokuwa nikinakili jana. Zilikuwepo: michoro waliyochora kwa kidole, na sauti ya mdogo akiimba alfabeti alipokuwa chekechea. Nimezituma kwa Bluetooth kwenye simu ya dada, nikathibitisha zinafunguka, ndipo nikafuta wasifu.

Hifadhi iliyobaki sasa: GB 1.47. Kibodi imeanza kuitika.

Jumatatu usiku

Leo nimeingia kwenye kile kinachoitwa "mengineyo". Skrini ya Hifadhi inaonyesha GB 1.3 chini ya jina hilo, na hapo ndipo watu hukata tamaa, kwa sababu ukibofya hakuna maelezo ya maana. Dawa yake ni kufungua programu ya mafaili, kuwasha chaguo la kuonyesha mafaili yaliyofichwa, na kutembea folda kwa folda.

Mzigo wa kwanza: APK za akiba. Magemu hapa mtaani hayapakuliwi kwa bando, yanarushwa kutoka simu hadi simu kwa programu za kurushiana mafaili. Programu hizo huweka APK iliyopokelewa kwenye folda yake, kisha ndiyo unagusa kuisakinisha. Ukishasakinisha, ile APK iliyopokelewa haiondoki. Gemu linakuwepo mara mbili, na ukilisanidua linaondoka mara moja. Nimekuta APK za magemu yote tuliyoyafuta Jumamosi, na mengine ambayo yalishafutwa zamani, pamoja na mafaili mawili ya zip ya OBB ambayo mtu aliyaleta kwa mkono. Jumla MB 470 na ushei. Nimefuta folda yote, halafu nikasanidua programu yenyewe ya kurushia, kwa sababu ndiyo mlango yalikopitia magemu karibu yote. Bluetooth itatosha kwa PDF.

Mzigo wa pili uko DCIM, kwenye folda iliyofichwa iitwayo .thumbnails. Humo kuna faili moja lenye jina la ajabu, .thumbdata3--1967290299. Kazi yake ni kutunza vijipicha vidogo ili galari ifunguke haraka. Shida ni kwamba linakua na halipungui: ukifuta picha, kijipicha chake kinabaki ndani. Kwenye vifaa vya zamani limewahi kufika hata zaidi ya GB 1. Letu lilikuwa MB 532. Faili moja, nusu GB, la vijipicha vya picha ambazo nyingi hazipo tena! Nimelifuta. Galari ilipofunguliwa ililitengeneza upya, safari hii likiwa dogo kwa sababu picha zenyewe zimebaki chache. Litakua tena, kwa hiyo limeingia kwenye orodha ya vitu vya kuangalia kila baada ya miezi.

Kabla hujafuta faili la nukta mwanzoni, hakikisha unajua ni la nini. Hili ni salama kufutwa. Folda ya Android na vilivyomo siigusi kwa mkono. Humo kila programu ina chumba chake, na ukisanidua programu mfumo unakifagia wenyewe.

Pia folda ya Databases ya WhatsApp, iliyokuwa na nakala za kila siku za mazungumzo. WhatsApp hutunza hadi za siku saba hivi, na kila moja ni nakala ya mazungumzo yote. Dada sasa anatumia WhatsApp kwenye simu tu, hivyo tumeisanidua hapa na kufuta folda yake baada ya kuhakikisha picha zake ziko kwenye nakala ya Jumamosi.

Hifadhi iliyobaki: GB 2.6. Lengo la GB 2 limevukwa, na picha za DCIM bado hazijaondolewa.

Jumanne

Programu za kiwandani. Hizi hazisaniduliki kwa sababu zimekaa kwenye sehemu ya mfumo ambayo mtumiaji hawezi kuiandika. Lakini masasisho yake hukaa upande wa mtumiaji! Yaani programu ya video iliyokuja na kifaa ikiwa ndogo, ikasasishwa mara kwa mara, toleo jipya linakula nafasi yako huku lile la kwanza likiwa bado limekaa kwenye mfumo bila kazi. Njia: Mipangilio, Programu, gusa jina, Ondoa masasisho, kisha Zima. Ikishazimwa haionekani, haijisasishi, haili RAM.

Nimezima zile ambazo hakuna mtu nyumbani anayezitumia: za magazeti, za filamu za kukodi, za mitandao ya kijamii, na duka la pili la programu. Sijagusa Huduma za Google Play, wala kibodi, wala kitu chochote ambacho jina lake silielewi.

Nimezima pia masasisho ya moja kwa moja kwenye Play Store. Hilo lilikuwa likila nafasi na bando kwa pamoja. Kwa kifaa cha umri huu masasisho yenyewe yanapungua kila mwaka. Chrome, kwa mfano, iliishia toleo la 106 kwa Android 5, mwaka 2022. Kwa sababu hiyo nimemwambia dada kishikwambi hiki kisitumike kwa benki wala kwa huduma za pesa za simu. Kazi yake ni kusoma.

Jumatano

Jirani ameshauri niweke programu ya kusafisha. Sitaweka. Inachofanya kwa sehemu kubwa ni kufuta akiba za programu, na akiba hujijaza tena mtu akianza kutumia. Tena programu hiyo nayo inataka nafasi, inaleta matangazo na inakaa macho muda wote. Kwenye RAM ya GB 1.5 huo ni mzigo, si msaada.

Mwingine amesema "rudisha kiwandani, uanze upya." Ni ushauri mzuri kwa vifaa vingi, lakini hapa una hatari mahususi. Android 5.1 ilileta ulinzi unaodai akaunti ya Google iliyokuwepo kabla, ikiwa kifaa kimefutwa kwa kubonyeza vitufe. Akaunti iliyomo ni ya zamani, nenosiri dada halikumbuki, na namba ya simu iliyofungiwa nayo haipo tena. Kikifutwa kwa vitufe kinaweza kugeuka kigae. Mtu yeyote anayetaka kusaidia kifaa cha ndugu yake aulize kwanza akaunti ni ya nani na nenosiri linajulikana?

Na kuna menyu ya kufuta "cache partition", yaani sehemu ya akiba ya mfumo, kwa kushika vitufe vya kuwasha, sauti juu na nyumbani. Ni salama, ila sehemu hiyo imetengwa na hifadhi ya mtumiaji, hivyo haiongezi hata MB moja kwenye nafasi tunayoihesabu. Na mstari wa kufuta kila kitu uko jirani tu na mstari huo. Nimeiacha.

Jana usiku nimekiacha kwenye chaja bila kuguswa mpaka asubuhi. Tangu Android 4.3 mfumo una kazi ya kuiambia hifadhi ya flashi ni vipande gani havitumiki tena ili iviandae, na hufanya hivyo kifaa kikiwa kimetulia na kina chaji. Baada ya kufuta vitu vingi, usiku mmoja wa namna hiyo una faida kubwa. Leo asubuhi kimewaka haraka kuliko jana, na tofauti inaonekana kwa macho.

Alhamisi

Memori kadi ya GB 32 imenunuliwa mjini. Nimechagua GB 32 kwa sababu huja na FAT32, namna ya kupanga mafaili ambayo kifaa chochote cha zamani kinaisoma.

Kabla ya kuiweka nimeipima kwa H2testw kwenye kompyuta. Programu hiyo ndogo ya Windows inaijaza kadi yote kwa data, kisha inaisoma tena kuona kama kilichoandikwa ndicho kinachorudi. Kadi bandia hujitangaza kuwa ya GB 32 wakati ndani ina nafasi ndogo zaidi, na mafaili ya mwanzo hukaa vizuri kabisa. Yanayozidi ndiyo huharibika kimyakimya. Kupima kumechukua zaidi ya saa nzima, na hii imepita bila kosa. Ingekuwa ni mazoezi ya mtihani ndiyo yanagundua ubandia wake, hasara ingekuwa kubwa mno.

Jambo la kuzingatia kwa wenye Android 5: kadi haiwezi kuunganishwa na hifadhi ya ndani ikawa kitu kimoja. Uwezo huo ulikuja na Android 6. Hapa kadi ni kabati la pembeni, unaweka mafaili. Baadhi ya programu zina kitufe cha kuhamia kwenye kadi, lakini sehemu yake hubaki ndani, na kadi ni ya polepole. Kwa hiyo sera yetu: programu ndani, mafaili nje. Kamera nayo nimeielekeza ihifadhi kwenye kadi.

Picha za familia nimezirudisha kwenye kadi kutoka kompyuta, nikafungua za bibi hapo hapo kwenye kishikwambi, ndipo nikafuta zilizokuwa ndani. Iliyobaki: GB 3.4.

Ijumaa jioni

Kupakia vitu vya kusomea.

Kisomaji cha PDF kidogo, cha MB chache, kisicho na akaunti wala matangazo. Kwenye kadi nimetengeneza folda moja iitwayo Darasa la Saba, na ndani yake Hisabati, Sayansi, Kiswahili, Kiingereza, Maarifa ya Jamii, Uraia na Maadili. Mazoezi yote ya mwalimu tangu Januari yamehamishwa kutoka simu ya dada kwa Bluetooth. Majina yalikuwa "DOC-" na mlolongo wa namba. Mpwa wangu amekaa kuyabadilisha mwenyewe, somo na mwezi, na njiani akakuta zoezi la hesabu za sehemu ambalo hakuwahi kuliona kabisa. Alilifanya hapo hapo, daftari gotini.

Pia nimeweka Kiwix, programu ya kusoma Wikipedia bila intaneti, toleo la zamani linalokubali Android 5, pamoja na faili lake la Wikipedia ya Kiswahili kwenye kadi. Wikipedia hiyo ilianza mwaka 2003 na makala zake za jiografia na wanyama zinamfaa mtoto wa msingi kabisa. Inafunguka bila laini na bila Wi-Fi. Mdogo ameandika "simba", akasoma, akaandika "chui", akasoma, halafu "duma". Dada yake alipodai zamu yake alikataa kuachia, kwa hiyo imebidi tupange saa.

Mpango wa saa wameuandika wenyewe kwenye karatasi na kuubandika ukutani: kuanzia saa kumi na moja jioni ni mkubwa na mazoezi, baada ya chakula mdogo na Kiwix, Ludo ni Jumamosi na Jumapili. Play Store nimeiwekea PIN ya vidhibiti vya wazazi, na "vyanzo visivyojulikana" nimezima. Najua mtoto mwenye nia ataivuka hiyo ya pili. Ninategemea zaidi makubaliano ya mkekani.

Jumamosi

Vipimo vya leo: hifadhi ya ndani iliyobaki GB 3.1, kadi imejaa chini ya robo. Kibodi inaandika papo hapo. PDF ya kurasa nyingi bado inasita kidogo unapovuka ukurasa wenye picha, na hilo ni prosesa, hakuna cha kufuta kitakacholiondoa. Kwa maswali ya kuchagua na hesabu za maneno skrini ya 1280 kwa 800 inasomeka vizuri, mtoto hahitaji kukuza.

Nimemwandikia dada hatua tatu kwenye daftari lake la mahesabu: kupokea kwa Bluetooth, kuhamishia kwenye kadi, kufuta kilichobaki kwenye folda ya Bluetooth. Chini yake nimeandika jina la lile faili la vijipicha na mahali lilipo.

Bado: jalada la mpira la kuzuia kuanguka, na chaja nyingine, kwa sababu iliyopo waya wake umelegea na lazima uupinde ndipo ichaji. Kesho mwalimu anatuma mazoezi ya wiki. Dada atayahamisha mwenyewe nikiwa nimekaa pembeni bila kugusa, na hatua yoyote atakayokwama nitaiandika upya kwa maneno yake.